Umande Uliometameta Kama Lulu

Darasa la nane nilipata alama 36 kwa 40 katika insha iliyoanza hivi: jua lilichomoza likitabasamu, ndege wakatumbuiza angani, na umande ukametameta majanini kama lulu. Mwalimu aliisoma mbele ya darasa nikapigiwa makofi ya kilo. Hakuna aliyeniuliza umande huo niliuonea wapi. Tulikuwa tunaishi Pipeline, Embakasi, orofa ya sita, kwenye nyumba ambayo dirisha lake lilitazama dirisha la jirani, na kitu cha pekee kilichokuwa kimelowa asubuhi ni nguo zilizoshindwa kukauka kambani. Lulu pia sijaiona hadi leo. Yaani nilifananisha kitu nisichokijua na kitu kingine nisichokijua, na nikazawadiwa.

Sentensi yenyewe haikuwa yangu. Ilitoka kwenye daftari la mapambo, lile ambalo kila mtahiniwa wa KCPE alikuwa nalo hadi mtihani huo ulipofanywa mara ya mwisho mwaka 2023. Ukurasa wa asubuhi, ukurasa wa mvua, ukurasa wa hofu. Moyo unadunda mithili ya ngoma, kijasho chembamba kinatiririka, guu mosi guu pili. Ungeweza kumfungia mtoto chumbani mwaka mzima na daftari hilo, akatoka akielezea msitu, bahari na machweo bila kukosea hata herufi. Wewe unayesoma hapa najua unalo lako kichwani, na huenda bado unalitumia ukiandika. Mimi nalitumia. Ndiyo maana nina ugomvi nalo, na ni ugomvi uliochelewa, kwa sababu umande nimeuona vizuri kwa mara ya kwanza mwaka huu, nikiwa na miaka 27.

Niseme kwanza kazi ninayoifanya, maana inahusika. Nanukuu sauti. Watu wa nchi za mbali wanafanya mikutano, wanatuma rekodi, mimi navaa vipokea sauti na kuandika kila walichosema. Saa nane kwa siku, wakati mwingine kumi. Nalipwa kusikiliza. Lakini kufikia mwanzo wa mwaka nilikuwa nimefika mahali ambapo nasikia maneno na vidole vinaandika na mimi sipo. Namaliza faili ya dakika 50 nisiweze kukuambia ilihusu bima au mahindi. Kitabu sikuweza kusoma zaidi ya kurasa tatu. Rafiki yangu Nafula akasema, "Wewe unahitaji kutoka nje." Nikamwambia nje ninapita kila siku nikienda dukani. Akacheka. "Nje ya nje," akasema.

Tuliingia Karura kwa lango la Barabara ya Limuru kabla ya saa moja asubuhi, Jumamosi. Na huo umande, jamani, haukumetameta. Jua halikuwa limefika pale chini. Ulikuwa wa kijivu, umetandaa juu ya nyasi kama pumzi kwenye kioo (naona nimeshaanza kufananisha, tabia haina dawa). Kilichonigutusha si sura yake. Ni kwamba uliingia kwenye viatu. Raba zangu za turubai zilikunywa maji yote ya kando ya njia, soksi zikafuata, na kila nikikanyaga vidole vikatoa mlio mdogo wa kunyonya. Nilikuwa na baridi ya vidole vya mguu, jambo ambalo sikumbuki kama nimewahi kulifikiria kama jambo. Daftari halikuwahi kusema kwamba umande ni baridi.

Halafu kitu kikapasuka juu ya vichwa vyetu. Sijui niite kelele ya nini. Nafula aliinama. "Aki hiyo ni ndege ama ni alamu ya gari?" Walikuwa ndege, watatu, wakubwa, wa rangi ya matope, midomo mirefu iliyopinda, wakapita wakigombana hadi wakapotelea upande wa bondeni. Wanaitwa kwarara. Niliambiwa baadaye kwamba wamejaa Nairobi, kwamba jioni wanapita juu ya mitaa yetu wakipiga makelele yaleyale. Maana yake wamepita juu yangu mara mia na nilikuwa nimeziba masikio.

Kilichonivutia zaidi ni dakika mbili baada ya hapo. Ile kelele ilikuwa kama imegonga mlango na mlango ukabaki wazi. Nikasikia maji chini kabisa bondeni. Nikasikia viatu vya mtu anayekimbia kwenye njia nyingine, mbali, na kitu kidogo kikidondoka kutoka jani hadi jani hadi jani. Harufu ya udongo pia, ambayo bila shaka ilikuwepo tangu tulipoingia langoni. Hakuna kitu kipya kilichokuwa kimeongezwa. Ni mimi niliyekuwa nimefika.

Jambo hili lina jina. Ivan Pavlov, yule Mrusi wa mbwa na kengele, aligundua kwamba majaribio yake yaliharibika kila mgeni alipoingia chumbani. Mbwa aliyefunzwa kutoa mate aliposikia ishara alisahau ishara, akageuza kichwa na masikio kumwelekea mgeni. Pavlov akauita mwitikio huo wa "ni nini hicho?" Baadaye Evgeny Sokolov, mwanasaikolojia wa Moscow, akaonyesha upande wa pili: sauti ileile ikirudiwa na kurudiwa, mwitikio unafifia hadi unaisha. Mwili umeshajua. Lakini badilisha kidogo tu, punguza urefu wa sauti, au iache isije pale ilipotarajiwa, na mwitikio unarudi. Hapo ndipo pananishangaza. Hata kimya kinaweza kutugutusha, mradi tulikuwa tumezoea kelele. Kumbe mwili hausikilizi kila kitu. Unabashiri, kisha unasikiliza pale utabiri unapokosea.

Nikifikiri hivyo, daftari la mapambo ni mashine ya kubashiri. Ukiona "umande" unajua "lulu" inakuja, na ikishakuja hakuna kinachotokea ndani yako. Viktor Shklovsky aliandika kitu cha namna hii mwaka 1917, katika insha yake kuhusu sanaa kama mbinu. Kwamba mazoea yanakula vitu, yanakula nguo, samani, hata hofu ya vita, na kazi ya sanaa ni kuvifanya vitu vionekane vigeni ili tuvihisi tena. Alichukua mfano wa Tolstoy, aliyekuwa akipangusa vumbi chumbani asiweze kukumbuka kama kochi ameshalipangusa au bado, na wa hadithi ya Tolstoy ambayo inasimuliwa na farasi asiyeelewa binadamu wanamaanisha nini wanaposema kitu ni "changu". Nilisoma Shklovsky chuoni nikafaulu swali lake. Lakini ni viatu vilivyolowa vilivyonifanya nimwelewe, na hapo hapo nikaanza kumtilia shaka. Yeye anaitupia sanaa mzigo wote. Kwarara hakuwa sanaa.

Kuna wengine wanaosema mzigo huo ni wa miti. Rachel na Stephen Kaplan, wa Chuo Kikuu cha Michigan, walitoa kitabu mwaka 1989 wakidai kwamba umakini wa kujilazimisha, kama ule wa kunukuu faili za bima, unachoka, na kwamba mazingira ya asili yanaupumzisha kwa sababu yana mvuto mpole. Mawingu, majani yanayotikisika: yanakushika bila kukubana. Mwaka 2008 Stephen Kaplan na wenzake wawili walichapisha jaribio. Wanafunzi 38 walitembea karibu saa moja, mara moja kwenye bustani ya miti ya Ann Arbor na mara nyingine katikati ya mji huohuo penye magari, kisha wakarudia tarakimu kinyumenyume. Matembezi ya mitini yaliwasaidia zaidi. Na waliotembea kwenye baridi ya Januari, wasioyafurahia, walifaidika vilevile.

Hilo la Januari nalipenda kuliko nadharia nzima, kwa sababu linatoboa puto la "utulivu" tunaouziwa. Umeona zile programu za simu zenye sauti ya mvua ya kulalia? Nilikuwa nayo moja. Mvua yake inanyesha sawasawa usiku kucha, haiongezeki, haipungui, haigongi bati la jirani, na baada ya siku tatu sikuisikia tena. Ilikuwa daftari la mapambo, tofauti ni kwamba hii inataka malipo ya kila mwezi. Neno "mpole" la akina Kaplan linanisumbua kidogo pia. Kwarara si mpole. Soksi zilizolowa si pole. Mvuto niliousikia Karura ulikuwa na kucha.

Mwandishi wetu aliyeelewa hizo kucha ni Binyavanga Wainaina. Kumbukumbu zake, One Day I Will Write About This Place, zilitoka mwaka 2011, na nilizirudia wiki ileile ya Karura, safari hii nikipita ukurasa wa tatu. Kinaanza na mtoto Nakuru anayecheza mpira na kaka yake na dada yake, na mtoto huyo ni mchezaji mbovu sana kwa sababu yupo. Mwanga unamshika, neno linamshika, sauti yake mwenyewe inamshika, na mpira umeshapita. Wenzake wanaona mchezo. Yeye anaona kila kitu isipokuwa mchezo. Halafu kuna lile neno alilojitungia utotoni, kimay, la kuita sauti asizozielewa, muziki wa ala na lugha zisizo zake, sauti zinazomvuta na kumtisha kwa pamoja kwa sababu hazina mahali pa kukaa kichwani.

Wahakiki wengi wanapenda kukisoma kitabu hiki kama kitabu cha siasa na utambulisho, na ni kweli kimo humo. Mimi nakisoma kama kitabu cha umakini. Kimay ni ule mwitikio wa "ni nini hicho?" uliokataa kufifia. Watoto wote wanao, kisha shule inawapa majibu, na swali linakufa. Yeye hakupona. Hata sentensi zake zinafanya hivyo: zinaanza kuelekea mahali, zinakutana na kitu njiani, zinasimama kukiangalia. Ukizoea insha ya KCPE utadhani mtu huyu hakufundishwa kuandika. Na katikati ya kitabu yupo kijana Afrika Kusini aliyejifungia chumbani na vitabu, masomo yamemshinda, siku zinafanana, na kinachomrejesha ni kurudi nyumbani na kusafiri, barabara, watu wa upande wa mama yake kule Uganda. Naomba nisiseme kwamba barabara ilimponya, kwa sababu kitabu hakisemi hivyo. Lakini sentensi zinabadilika pumzi akitoka nje. Soma uone.

Hata hivyo nina malalamiko, na ni malalamiko ya mtu wa Pipeline. Yule mtoto wa Nakuru anaweza kuduwaa kwa mwanga kwa sababu yupo kwenye bustani ya kwao. Kuna wengine wanaofuatilia mpira.

Mwaka juzi nilinyakuliwa simu nikiwa nimekaa dirishani kwenye matatu, Barabara ya Thika, foleni imesimama. Ilichukua labda sekunde moja. Ukiniuliza kuhusu mtu yule nakumbuka ukucha wa kidole gumba uliopasuka, basi. Wanaochunguza ushahidi wa mahakamani wanalijua jambo hili: aliyeelekezewa bunduki huikumbuka bunduki vizuri, uso wa mwenye bunduki vibaya. Kwa miezi mingi baada ya hapo nilisikia kila kitu barabarani. Bodaboda inayopunguza mwendo nyuma yangu, raba zinazokimbia, mtu anayeniita "sistee" mara moja zaidi ya inavyotakiwa. Kila kitu kilikuwa kipya, kila kitu hakitabiriki, na kwa hesabu ya Sokolov ningekuwa mtu aliye macho kuliko wote Nairobi. Oktoba ile jakaranda zilichanua mji mzima na sikumbuki hata mti mmoja.

Kwa hiyo si kila mshtuko unafungua mlango. Mwingine unaufunga na kuweka komeo. Nilianza kuvaa vipokea sauti barabarani hata bila muziki, ili niziruhusu sauti chache tu zipite, na nadhani hapo ndipo masikio yangu yalipolala, kabla hata ya faili za bima. Nadharia hizi zote, ya Shklovsky, ya akina Kaplan, hata kimay, zimeandikwa na watu waliochukulia kwamba kisichotarajiwa kinaweza kuwa ndege.

Na Karura yenyewe haikuwa hivyo zamani. Waulize wazazi wako wa Nairobi walikuwa wanaambiwa nini kuhusu msitu ule: majambazi, maiti zilizotupwa. Miaka ya 1990 vipande vyake viligawiwa watu binafsi wajenge. Tarehe 8 Januari 1999 Wangari Maathai na wenzake walikwenda kupanda mti pale, wakapigwa, yeye akapasuliwa kichwa. Leo zaidi ya hekta 1,000 zimesimama, kuna ua wa umeme kuzunguka, kuna askari, kuna tiketi langoni. Nilipokuwa nimesimama na soksi zangu zilizolowa nikisikiliza kitu kikidondoka jani hadi jani, sikuwa nimeangalia nyuma kwa dakika 20. Nilihesabu baadaye. Ua ndio ulionipa masikio. Sipendi hitimisho hilo, kwa sababu ua una upande wa nje, na wengi wa Pipeline wako upande huo Jumamosi asubuhi, lakini ningedanganya nikiliacha.

Turudi kwa lugha, maana malalamiko yangu ya kwanza yalikuwa ya lugha. Kuna anayeweza kusema basi Kiswahili chenyewe ndicho kimezoea mapambo, na kwamba Binyavanga aliponea kwa Kiingereza. Sikubali. Karibu na maporomoko tulimkuta askari wa msitu tukamwuliza kama kima wanaogelea. Akasema hajui kama wanapenda, lakini mmoja alimwona. "Alikuwa amekaa pale juu anatuangalia tu, mara kwacha! tawi, mara gubwi, gubwi, gubwi, akatokea ng'ambo amelowa chepe, hata haangalii watu, ameona haya." Mikono yake ilikuwa inaanguka na yule kima. Sasa, daftari linasema kitu kikianguka majini ni chubwi. Chubwi, mara moja, alama moja. Huyu alisema gubwi, na mara tatu, kwa sababu kima alipiga maji mara tatu.

Tanakali za sauti ndizo chombo chetu cha kushtukiza. Neno haliji na viambishi vyake likabisha hodi. Linaingia tu, kama kwarara, na sentensi inabidi iinue kichwa. Msemaji mzuri anaitunga papo hapo, kwa kitu alichokisikia yeye. Tulichofanya shuleni ni kuzikusanya, kuzipanga kwenye jedwali, lala fofofo, nuka fee, anguka tifu, na kumtahini mtoto. Tumechukua mlio wa mshangao tukaufanya jibu sahihi. Ukinipa wizara kwa siku moja, hilo jedwali ndilo la kwanza kufuta. (Sitapewa.)

Mwezi uliopita nilimpeleka mpwa wangu Karura, yuko gredi ya sita. Nilimlazimisha kuacha simu kwa mamake. Aliogopa siafu, akachoka mapema, akauliza kama kuna chipsi. Wiki iliyofuata walipewa insha ya matembezi na akaandika ya kwake: kwamba viatu vililowa kabla hajafika popote, kwamba alisikia kitu kinatembea kichakani na hadi leo hajui kilikuwa nini, kwamba mama alikasirika kwa sababu ya matope. Alirudi na rangi nyekundu kila mahali. Anakaribia matarajio. Pembeni pa sentensi ya viatu, pale alipotaja umande, mwalimu alikuwa ameandika: ulikuwa kama nini?

Akaniletea karatasi nikiwa kazini, nikavua vipokea sauti. "Auntie, ulikuwa kama nini?"

Nilikaa nikafikiri kwa kweli. Nilikuwa na lulu, iko tayari mdomoni miaka yote hii. Tukakubaliana twende tena tukaangalie. Tumeenda Jumamosi iliyopita, saa kumi na mbili na nusu, na mvua ikaanza tukiwa langoni, ikanyesha hadi saa nne. Umande hatukuuona.